Magoti ya Shemeji Yakobo

Pale Mwembesongo, njia ya darajani inapokutana na njia ya sokoni, palikuwa na gogo la mvule. Wakata miti wa reli walilikata, wakaliona limepinda, wakalitupa. Wenye mji wakaliokota wakalifanya baraza, kwa sababu ukikaa kwenye gogo lililopinda unawaona wenzako wote bila kugeuza shingo. Ilikuwa miaka ya Mdachi, gari la moshi likiwa bado jambo la kwenda kutazamwa na watoto, na hata na wakubwa waliosingizia kuwasindikiza watoto. Kila siku baada ya alasiri Mzee Mwinjuma aliteka maji, akawasha jiko lake, akabandika mdila wa kahawa, na wenye gogo wakaja mmoja mmoja kama inzi waliopewa miadi. Alikuwepo Salum, Mzaramo wa Maneromango, jina la kijiweni Bwana Pwani, maana hakuna jambo lililotokea Morogoro ambalo kwao pwani halikuwa limetangulia kutokea, tena kwa uzuri zaidi, ingawa Maneromango kwenyewe bahari huonekana kwa kusimuliwa. Alikuwepo Mosi Filimbi, ambaye aliwahi kutia kuni kwenye gari la moshi kwa mwezi mmoja, na tangu hapo hajui kusema kwa sauti ya chini. Na alikuwepo Rehani Kamba, fundi wa kutanda vitanda, Mluguru wa mjini mwenye kanzu na kofia yake. Siku hiyo Rehani alikuwa anasokota kamba za ukindu za kitanda cha arusi ya binti yake Asia, na arusi ilikuwa kesho.

Salum ndiye aliyeanza, kama kawaida, kwa kumnyooshea kidole mpita njia.

— Tazameni yule! Baba mzima, mzigo kichwani, anaburura miguu kama anatafuta sindano kwa vidole vya mguu.

— Hata wewe ulivyokuja ulikuwa unaburura, Mzee Mwinjuma akasema.

— Mimi naburura kwa asili. Kwetu pwani ni mchanga, mtu hainui mguu. Yule anajifunza.

— Mji mzima unajifunza, akasema Mosi. Leo nimemwona imamu anapanda kizingiti cha msikiti kwa kujisukuma ubavu. Goti halikunjwi! Nikamwambia, shehe, utaanguka. Akaniambia, bora nianguke hapa kuliko kule darajani.

Wakacheka. Rehani naye alicheka, ila kicheko chake kilikuja nyuma ya wenzake kama mbuzi mlemavu. Alikuwa na jambo lake, nasi tutalifikia.

Kuhusu magoti, habari yenyewe ilikuwa hivi. Waya wa simu ulikatika huko magharibi, upande wa mbuga za Mkata, na boma la Morogoro likawa kiziwi. Bwana Mkubwa, Mdachi wa boma, hakwenda kutazama. Alikaa barazani kwake, akatazama mlima, akasema waliokata ni Waluguru, wanataka waya wa kufanyia vikuku. Hakusema Mluguru fulani, mwana wa fulani, wa kijiji fulani. Alisema Waluguru, basi, kama mtu anavyosema mvua. Ombasha mmoja, koplo wa jeshi la Mdachi, akapewa askari, akasimama darajani, na kila mwanamume aliyepita akaamriwa atembee kwenye uwanja ulio sawa, aende na arudi. Anayeinua magoti ametoka mlimani, anaingizwa ndani, anakula hamsa ishirini, yaani viboko ishirini na vitano vya zama zile, halafu ndipo anaulizwa waya uko wapi.

— Mimi nasema hivi, akasema Salum, ule waya hakuna aliyeukata. Umekatika wenyewe kwa uzito. Mmesikia Kidachi? Neno moja la Kidachi linaanza kuvuka mto asubuhi, mpaka adhuhuri bado unausubiri mkia. Sasa mtu anapitisha maneno kama hayo kwenye waya mwembamba namna ile! Kwetu pwani walikuwa wanapitisha salamu tu.

— Huna ujualo, Mosi akapaza sauti. Mimi nimekaa na mafundi wa simu. Waya una tundu ndani kama mwanzi. Maneno yanapita humo kama maji. Sasa mtu ametaka kusikia siri, ametoboa, maneno yamemwagika porini.

— Yakamwagika?

— Yakamwagika! Ukienda Mkata sasa hivi utakuta ndege wanaamrishana kwa Kidachi.

— Toba, akasema Mzee Mwinjuma, akawamiminia. Kunyweni kahawa, labda nyie ndio mliotoboka. Na haya magoti je? Kwa nini magoti?

Mosi akapiga funda kubwa la kahawa ya moto, ikamchoma, akashukuru kupata cha kulalamikia. Salum akatazama mlima. Rehani akavuta kamba yake.

— Ndivyo wahenga walivyosema, Salum akajibu mwisho. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Sasa mkuu anatazama guu mapema, ajue nani hakusikia.

— Hiyo methali haikuwa na maana hiyo.

— Methali ni kama kanzu, Mzee Mwinjuma. Inamkaa aliyeivaa.

— Mimi nasikia magoti ni mwanzo tu, akasema Mosi. Yupo Mzungu mwingine amekuja na gari la juzi, ana koleo la chuma, anapima vichwa. Wallahi! Anakubana hapa na hapa, anasema, wewe ni mtu wa kufuga, wewe ni mtu wa kulima, wewe ni mwizi. Amembana yule mpishi wa Bwana Mkubwa, koleo likakwama masikioni. Wamempaka samli ndio likatoka.

— Na akaonekana nani?

— Akaonekana ana kichwa cha Bwana Mkubwa mwenyewe, inchi kwa inchi. Wakanyamaza. Wakampa siku mbili za mapumziko.

Kijiwe kilichangamka tena. Mosi akaongeza kwamba baada ya vichwa watapima vivuli, mtu akipita kivuli chake kinashikwa kwanza; Salum akasema kwao pwani vivuli vilikwisha kupimwa zamani, na vilivyozidi vikatozwa ushuru. Watu waliopita walipunguza mwendo kusikiliza, kisha wakakumbuka magoti yao, wakaendelea kujiburura. Ndipo Mzee Mwinjuma, ambaye kwa desturi alikuwa anachochea tu, akasema jambo lililowatoa kwenye mzaha.

— Nyie mnacheka. Jana nilikwenda kuteka maji pale chini ya daraja. Akashuka mama mmoja mzee, na kapu la maharage. Mbele yake anatembea kijana wa hapa mjini, namfahamu, jina namsitiri. Mama akamwita, mwanangu, nisubiri. Ombasha akamwuliza kijana, huyu ni nani wako? Kijana akasema, simjui bwana, namwona tu.

— Mama yake?

— Mama yake wa kumzaa. Yule mama akajua. Akageuka na kapu lake, akarudi mlimani bila kuuza hata punje. Na huko sokoni mnashangaa hakuna maharage.

— Astaghfirullahi, akasema Rehani.

Likawa ndilo neno lake la kwanza siku ile. Alilisema kwa sauti iliyofanya Salum amtazame.

Kabla hajaulizwa kitu, mkewe akatokea kwenye njia ya sokoni. Hidaya alikuwa na mikono yenye hina nusu, kwa maana alikuwa amemwacha biharusi katikati ya kupakwa. Aliinama kidogo mbele ya muuza kahawa.

— Shikamoo, Mzee Mwinjuma.

— Marahaba, mwanangu. Heri za arusi.

— Arusi gani? Kaka yangu hajafika. Baba Asia, Yakobo alisema atashuka jana. Jana imepita, leo jua linakwenda kulala. Yuko wapi?

Lazima ieleweke huyu Yakobo ni nani. Ni mkulima wa huko njia ya Mkuyuni, Mkristo wa misheni, ndugu yake Hidaya tumbo moja. Mama mmoja, dini mbili, na kila mmoja akimwombea mwenzake afunguke macho. Na kwa Waluguru mtoto ni wa ukoo wa mama. Baba ni mgeni aliyekaa sana. Mwenye neno ni mjomba. Shehe angeozesha, Rehani angetoa idhini, pilau ingeliwa, lakini pasipo mjomba kusimama mlangoni na kusema neno lake, bibi zake Asia wasingemtoa mtoto chumbani, hata aje Kaizari na bendi yake.

— Labda amesahau siku, akasema Mosi.

— Yakobo asahau? Ndiye aliyeipanga.

— Labda mvua, akasema Salum.

— Mvua iko wapi? Hidaya akamtazama mumewe. Mimi naogopa lile daraja. Ninyi mnamjua kaka yangu anavyotembea. Yule anainua magoti hata akiwa amekaa.

Kamba ikakatika mikononi mwa Rehani. Ukindu mpya, wenye maji, ukakatika kama uzi wa buibui. Hidaya aliiona, lakini hakuona zaidi ya hapo. Akasema anarudi kwa mtoto, na kwamba kama mwanamume yeyote pale ana miguu, atumie. Akaenda zake, na mwendo wake ulikuwa ule ule wa siku zote, wa kina mama wa mlimani, goti juu, kisigino chini, hajali.

Sasa tuseme lile jambo. Siku chache nyuma, kabla hapajawa na mtu aliyetembezwa darajani, yule ombasha alikuja kunywa kahawa pale pale. Alikuwa mtu wa mbali, kwao kaskazini kabisa, anayehesabu miezi ya kurudi; hakuwa mtu mbaya, ila hakuwa anacheka, na kijiwe kilimwita Bwana Kimya. Akauliza kwa Kiswahili chake cha kambini: Mluguru anajulikanaje? Maana kwake watu wote wa Morogoro walikuwa na sura moja. Salum akadaka. Mzaramo na Mluguru ni watani tangu babu na babu, na mtani akipewa mlango kama ule hauachi wazi bila kuingia. Akasema Mluguru hata umweke kwenye mkeka atatembea kama anapanda mlima, magoti kifuani, mikono inatafuta mti wa kushika. Ukimwona mtu hivyo, funga ndizi zako, na kama una waya, meza. Kijiwe kilivunjika mbavu. Na desturi ya utani ni kwamba anayetaniwa hakasiriki. Hujibu kwa kubwa zaidi, au huchukua lile tusi alivae mwenyewe acheze nalo. Rehani alilivaa. Aliinuka kwenye gogo, akakunja kanzu, akatembea mbele ya ombasha kwa mwendo wa shemeji yake Yakobo, goti hili, goti hili, na kapu la uongo mgongoni, mpaka Mzee Mwinjuma akamwaga kahawa kwa kucheka. Ombasha hakucheka. Alitazama kwa makini, akashukuru, akalipa, akaondoka. Kesho yake watu wakaanza kutembezwa.

Tangu siku hiyo hakuna aliyelitaja. Waliendelea kukutana na kusema habari za waya na za vichwa.

— Jamani, Rehani akasema, ile kamba iliyokatika ikiwa bado mkononi mwake. Mtu lazima aende akamwambie yule bwana kwamba ulikuwa utani.

— Ni kweli, akasema Mosi kwa mara ya kwanza polepole. Aende Salum. Yeye ndiye aliyeanza.

— Mimi nilisema kwa mdomo! Aliyetembea ni Rehani.

— Nilitembea kwa sababu ulinitania.

— Nami nilikutania kwa sababu ni haki yako. Ningekuacha hivi hivi ungesema Wazaramo wamekususa.

— Hapana ubaya, akasema Mzee Mwinjuma. Nendeni wote. Lakini mjue mtakalosema. Salum, jifanye umesimama mbele yake. Mosi, wewe uwe ombasha.

Mosi akasimama, akavuta kofia mbele, akatoa kifua. Salum naye akasimama, viganja pajani.

— Sema shida yako! akanguruma Mosi.

— Bwana ombasha, yale ya magoti yalikuwa utani.

— Utani ni nini?

— Utani ni… mimi na Waluguru ni watani.

— Yaani rafiki?

— Zaidi ya rafiki.

— Ndugu?

— Ndugu huwezi kumtukana.

— Kwa hiyo ulimtukana?

— Ndiyo, bwana.

— Mna ugomvi?

— Hatuna. Nikikuta kuku wake namchukua.

— Unaiba?

— Siibi, nachukua. Yeye anacheka.

— Akifa je?

— Akifa naenda matangani nacheka. Wakimchimbia kaburi naingia mimi nalala humo, nasema sitoki mpaka nipewe kitu, na mfiwa ananishukuru.

Mosi alijitahidi kubaki ombasha, akashindwa kidogo kwenye midomo.

— Basi wewe ni mwizi, tena una wazimu, tena unavunjia heshima maiti. Hamsa ishirini, na nyingine ya kaburi.

Walicheka sana, wote, hata Rehani, hata Mzee Mwinjuma aliyekwisha kuona mengi. Ikafika mahali kicheko kikaisha chenyewe. Kwa maana ilikuwa kweli. Jambo ambalo kila mtoto wa Morogoro alilijua kabla ya kuota meno, halikuwa na njia ya kumfikia mtu mwenye bunduki asiyelijua.

— Mwenda tezi na omo, marejeo ni ngamani, akasema Salum, akaketi.

— Huku hakuna hata mtumbwi, Bwana Pwani.

— Nilitaka kusema tu kwamba tukae.

Rehani hakukaa. Aliweka kamba zake juu ya gogo, akajifuta mikono kwenye kanzu. Moyoni alimwona Asia na hina yake nusu. Alimwona Yakobo, ambaye miaka ya nyuma ndiye aliyesimama mlangoni akasema neno la Hidaya, akamkubali kijana fukara wa kutanda vitanda mbele ya wachumba wawili wenye ng'ombe. Alijua hajui atakachosema kule darajani. Alijua pia kwamba akifika ataambiwa atembee.

— Nakwenda, akasema.

Hakuna aliyemzuia, na hakuna aliyemfuata. Akaanza njia ya darajani, na hatua chache tu akasikia sauti ya vumbi, shwaa, shwaa, akatazama chini akaona ni yeye. Alikuwa anaburura. Akajiambia, Rehani, inua mguu, hapa hakuna askari. Aliinua wa kulia kidogo, moyo ukamdunda kama aliyeshika mali ya mtu, akaushusha. Aliona haya, akaendelea hivyo hivyo. Mbele yake alikuja mtu mmoja mikono mitupu, naye akiburura, tena kwa kuzidi, mguu mmoja baada ya mwingine, kama amefungwa kamba vifundoni. Rehani akamhesabu kuwa ni mtu wa mjini, mzee au mgonjwa, akampisha njia.

— Shemeji, yule mtu akasema. Unanipita?

Alikuwa Yakobo. Sura ile ile, tabasamu lile lile la meno yaliyoachana, koti la misheni lile lile la kuvaa Jumapili. Rehani angeweza kumtambua akiwa kileleni mwa Uluguru, nukta tu inayopanda, kwa mwendo wake. Na sasa alisimama naye uso kwa uso, na alikuwa amempisha. Alifurahi mno kwamba hatafika darajani. Halafu akaona aibu kwa ile furaha, akamshika tu mkono.

Walirudi pamoja kijiweni. Salum na Mosi walisimama kumpisha mgeni akae.

— Nitasimama, akasema Yakobo. Kukaa ni kesho kutwa. Shikamoo, Mzee Mwinjuma.

— Marahaba. Pole, baba.

— Nimekwisha kupoa. Mna habari ya waya? Yakobo akapokea kikombe, akakizungusha kiganjani. Mmekosa kitu! Leo wamerudi mafundi wa simu kutoka Mkata, na kigari chao cha reli, wamechoka kwa kucheka. Wamemkuta mwizi.

— Nani?

— Twiga.

— Twiga!

— Twiga mzima. Alikuwa anapita zake kwenda kula, waya ukamkamata shingoni, akavuta, akang'oa na nguzo. Wamemkuta anatembea mbugani na mkufu wa waya, na nguzo inamfuata nyuma kama mtumishi. Bwana Mkubwa akaambiwa. Akasema, fungueni hao wa mlimani waende zao.

— Na twiga amekula ngapi? Mosi akauliza.

— Hakupigwa. Walimkata waya kwa adabu, akakimbia. Sisi tulikamatwa jana, tukachapwa leo asubuhi, na habari ya twiga ikaletwa adhuhuri. Yakobo akacheka, akashika kiuno, akaacha kucheka. Yule angekuja darajani wangemwachia, maana goti la twiga halifiki kifuani. Asia hajambo?

— Hajambo, akasema Rehani. Wanakusubiri wewe tu.

— Basi nipumue kidogo, twende. Nimekuja mtupu, msinilaumu. Nilishuka na mkungu wa ndizi za arusi, umebaki darajani.

Alisema hivyo akamtazama Salum.

Kila mtu pale alijua maana yake. Ulikuwa mlango umefunguliwa wote, mpaka ukutani. Siku nyingine yoyote Salum angekwisha kuingia: kwamba mkungu Yakobo ameumaliza mwenyewe njiani na maganda yake, kwamba Mluguru kupoteza ndizi ni sawa na mvuvi kupoteza maji, kwamba wamemchapa kidogo, angekuwepo yeye angeomba kiboko amsaidie askari. Na Yakobo angejibu kwamba Wazaramo hawachapwi kwa sababu hawana makalio, wamekalia uvivu. Wangetupiana hivyo mpaka jua lizame, na Yakobo angekuwa amekwisha kufika nyumbani kabla hajafika mlangoni.

Salum alivuta pumzi. Mdomo ukafunguka. Kisha akamwona Yakobo anavyosimama, akaufunga.

— Pole sana, bwana Yakobo, akasema.

Bwana Yakobo! Lilikuwa neno la kumwambia mgeni, au mtu wa serikali. Mosi akasema pole. Mzee Mwinjuma naye akasema tena pole. Rehani aliokota kamba iliyokatika, akajaribu kuiunga, vidole vikamkataa kama si vya fundi.

Yakobo aliwatazama mmoja mmoja. Lile tabasamu lake lilikaa kidogo peke yake, halafu likaondoka. Pale darajani, alipoambiwa tembea, na alipoambiwa lala, alikuwa na hasira tu. Sasa usoni mwake pakaja kitu kingine, kama mtu aliyefika kwao akakuta wamehamisha mlango.

— Salum, akasema, taratibu kabisa. Mtani wangu. Nimefika muda wote huu, kahawa inapoa mkononi. Mbona leo hunitanii?

Salum akatazama chini.

— Nimewakosea nini?

Rehani alitaka kujibu. Jibu lilikuwa fupi, lingekaa katika pumzi moja. Alimtazama Salum, Salum akamtazama Mosi, Mosi akamtazama Mzee Mwinjuma, na kwa kuwa gogo lilipinda, hapakuwa na pa kuficha uso. Mzee Mwinjuma akainua mdila amwongeze mgeni. Akauinamisha, akauinamisha zaidi. Likatoka tone moja, na machicha.

— Kahawa imekwisha, akasema.

Kwa desturi neno hilo ndilo lililowatawanya kila jioni. Siku ile lilisemwa, na hakuna aliyeinuka, maana mtu akiinuka ni lazima atembee mbele ya Yakobo.